Sanduku la Buluu Kutoka Kitale Hadi Bungoma

Wajukuu zangu, sogeeni. Ninyi mliojilaza mkekani na ninyi mnaosomewa na dada, sogeeni wote. Leo nawasimulia nilivyosafiri na mashine ya wakati kutoka Kitale hadi Bungoma, kwa nauli ya matatu.

Ilikuwa wiki ya kabla ya Krismasi. Mahindi yalikuwa yameshavunwa, na uani kwangu Kitale magunia yalikuwa yamepangwa chini ya turubai. Nikasikia mtu akigongagonga kitu nyuma ya jiko. Nikatoka na mwiko mkononi. Kumbe ni mjukuu wangu, yumo ndani ya sanduku langu la bati, lile la buluu nililoendea shule ya bweni nikiwa msichana. Amekunja magoti hadi kidevuni, mfuniko kauegemeza kichwani kama kofia. Ubavuni mwa sanduku alikuwa amefunga kwa waya uso wa redio mbovu, vizibo viwili vya soda, na saa ya ukutani isiyo na mshale wa dakika.

"Wewe! Unanivunjia sanduku?"

"Silivunji, Kukhu," akasema, akiniita bibi kwa Kibukusu, "nalitengeneza. Ni mashine. Ukizungusha kizibo hiki unachagua mwaka. Ukizungusha kile unachagua mahali. Unafunga mfuniko, unafungua, umefika."

"Papo hapo?"

"Papo hapo!"

Nilifundisha sayansi miaka mingi kabla ya kustaafu. Mtoto akikwambia amebuni mashine, usimwambie haiwezekani. Muulize inafanyaje kazi. Nikaweka mwiko chini, nikavuta kigoda.

"Mbona vizibo viwili? Cha mwaka pekee hakitoshi?"

Akafikiri. "Sijui. Niliviona viwili, nikavifunga vyote."

Basi nikamwambia kwamba amepatia bila kujua, na kwamba wakubwa walichukua muda mrefu kukiongeza kile kizibo cha pili.

Mwaka 1895, Mwingereza mmoja aitwaye H. G. Wells alichapisha kitabu kiitwacho The Time Machine. Ndani yake yumo mtu aliyejiundia chombo cha kuupita wakati. Anakaa kitini, anasukuma wenzo, na mara usiku na mchana vinapishana mbele ya macho yake kama mabawa ya ndege. Anakwenda mbele hadi mwaka 802,701. Lakini chombo chake kinabaki palepale kilipowekwa. Kina kizibo kimoja tu, cha mwaka.

Sasa tazameni kasoro yake. Dunia haijatulia. Inazunguka jua kwa kasi ya kilomita 30 hivi kila sekunde. Ukisema "moja" tayari Kitale, magunia yangu ya mahindi na kuku wangu wote wameshasogea kilomita 30 angani, nasi hatuna habari kwa sababu tunasogea pamoja. Kwa hiyo ukirudi nyuma saa moja tu, bila kizibo cha pili cha kukuelekeza mahali, utatokea penye giza tupu, na Kitale iko umbali wa zaidi ya kilomita 100,000. Hakuna bodaboda ya kukufikisha huko.

Waliokuja kuweka vizibo vyote viwili ni watu wa televisheni. Tarehe 23 Novemba 1963, siku 19 kabla ya Kenya kupata uhuru, BBC ya London ilianza kuonyesha mchezo uitwao Doctor Who. Humo yumo msafiri anayeitwa Daktari, na chombo chake kinaitwa TARDIS, jina lililoundwa kwa herufi za mwanzo za maneno ya Kiingereza, wakati na anga vyote vimo. Chombo hicho kinavuka miaka na nyota kwa mpigo mmoja. Na kwa nje, wajukuu zangu, ni kibanda cha buluu.

"Buluu kama hili?" mjukuu wangu akaruka, mfuniko ukamgonga utosini.

Buluu kama hilo. Zamani huko Uingereza polisi waliweka vibanda vya namna hiyo barabarani, vyenye simu ya kuita msaada. Chombo cha Daktari kilitakiwa kibadili umbo kila kinapotua, kifanane na vitu vya pale. Kikitua kwetu Kitale, kingekuwa ghala la mahindi. Lakini kiliharibika kikiwa na umbo la kibanda, na tangu hapo kimebaki hivyo. Ukiingia ndani, ni kikubwa kuliko kinavyoonekana nje. Na sauti yake kinapoondoka, ile ya kukwaruza na kuhema, haikutoka kwenye mtambo wowote wa ajabu. Fundi wa sauti aitwaye Brian Hodgson alichukua ufunguo wa nyumba, akaukwaruza kwenye nyuzi za piano kuukuu, kisha akaichezea sauti ile kwenye kanda.

Sikumaliza kusema. Mjukuu wangu alishaomba ufunguo wa stoo, anaukwaruza kwenye waya wa redio. Kuku wakatawanyika.

"Haya," nikasema, "weka mwaka."

"1895. Mahali, Chetambe."

Nikanyamaza kidogo. Sikutegemea. Kumbe mwalimu wake alikuwa amewasimulia darasani. Mnaona mambo yalivyokaa? Mwaka uleule Mwingereza anachapisha kitabu cha kusafiri katika wakati, huku kwetu Bukusu vita vinapiganwa juu ya kilima.

"Twende," nikamwambia. "Lakini kwa matatu, maana Kukhu wa Bungoma, dada yangu, anatungoja na kuku yuko chunguni."

Kwenye steji ya Kitale kondakta alilitazama sanduku, akasema litalipiwa kama abiria.

"Ndani ni kubwa kuliko nje," mjukuu wangu akamweleza kwa adabu.

"Basi ningewatoza watu kumi," kondakta akajibu. "Shukuruni nimetoza mmoja."

Tukaondoka. Mlima Elgon ulikuwa mkono wa kulia, kilele kimejifunika wingu. Tukapita Kiminini, tukapita Kamukuywa, barabara ikiteremka polepole, masikio yakiziba na kuzibuka. Tukapita Misikhu. Tulipokaribia Webuye nikamwonyesha safu ya vilima. "Kile pale. Chetambe."

Akabandika uso kwenye kioo. Nikamsimulia kwa sauti ya chini, na mama mmoja wa kiti cha mbele akageuza sikio.

Wabukusu wa enzi hizo walijenga maboma yaliyozungushiwa ukuta wa udongo na handaki. Waingereza walikuwa wameweka kituo Mumias, msimamizi wao akiitwa Charles Hobley. Mzozo ulianzia kwenye bunduki. Askari wa Kisudani waliotoroka jeshi la Waingereza waliacha bunduki zao mikononi mwa Wabukusu, na zilipodaiwa, Wabukusu walikataa kuzirudisha. Kikosi kilichotumwa kuzichukua kiliuawa. Mwaka 1895 Hobley akaja na jeshi kubwa: Wasudani, Waganda, hata Wamaasai. Walipiga boma la Lumboka, kisha wakapanda kwenye ngome ya Chetambe. Waliokuwa ndani walikuwa na mikuki, mishale na bunduki chache. Waliokuwa nje walikuwa na silaha za kisasa. Wabukusu wengi sana walikufa pale, na wengi wa walionusurika walitawanyika.

Mjukuu wangu hakusema kitu hadi tulipofika Webuye mjini. Kisha akasema, "Nikitua pale usiku wa kabla ya vita, nitawaambia waondoke. Wote. Asubuhi wakija wale, ngome ni tupu."

Huo ni moyo mzuri. Lakini nilikuwa na jambo la kumweleza, nanyi lisikilizeni, kwa maana ndicho kitendawili kikubwa cha mashine hii.

Katika ukoo wetu husimuliwa kwamba babu wa babu yake alikuwa kijana ndani ya ngome ile. Ukuta ulipovunjwa alikimbia, akatembea usiku na usiku, akapokelewa katika boma la watu asiowajua. Katika boma hilo kulikuwa na msichana aliyempa uji. Huyo ndiye bibi wa babu yake.

"Sasa," nikamwuliza, "ukiwaonya mapema, kijana anakimbia?"

"Hakimbii. Anaondoka taratibu na mama yake."

"Anafika kwenye uji?"

Akafungua mdomo, akaufunga. "Hafiki."

"Babu yako anazaliwa?"

"Hazaliwi. Na baba pia." Akahesabu kwa vidole. "Na mimi sizaliwi."

"Na kama hukuzaliwa, ni nani aliyekwenda kuwaonya?"

"Hakuna." Kisha macho yakamtoka. "Basi kijana anakimbia! Anakunywa uji! Mimi nazaliwa, natengeneza sanduku, nakwenda kuwaonya, kijana hakimbii…"

Mama wa kiti cha mbele akashika kichwa. "Mtoto, nyamaza, utanifanya nisahau steji yangu."

Wanasayansi nao wameshika vichwa hivyohivyo. Mmoja wao, Stephen Hawking wa Cambridge, alifanya mzaha wa kisomi. Tarehe 28 Juni 2009 aliandaa karamu ya wasafiri wa wakati. Vinywaji vikapangwa, bango la kuwakaribisha likatundikwa. Ila kadi za mwaliko alizitoa baada ya karamu kwisha, ili ahudhurie yule tu mwenye uwezo wa kurudi nyuma. Alikaa akingoja. Hakuja hata mmoja.

Mjukuu wangu akalitazama sanduku lake, lililobanwa kati ya magoti na kiti. Nikaona mabega yanashuka.

"Kwa hiyo halifanyi kazi."

"Sikusema hivyo. Nimesema nyuma hatujui njia. Mbele njia ipo, na tangu tutoke Kitale wewe uko ndani ya mashine."

Hapa ndipo ninapotaka mtege masikio.

Mwaka 1915 Albert Einstein alieleza kwamba wakati haupiti kwa mwendo uleule kila mahali. Karibu na kitu kizito kama dunia, penye mvutano mkubwa zaidi, wakati hupita polepole zaidi. Ukipanda juu, ukiachana kidogo na dunia, wakati unaongeza hatua. Saa ya mlimani hukimbia kuliko saa ya bondeni. Saa zenyewe ni nzima. Ni wakati wenyewe unaopita tofauti, na kila kitu pale kinaufuata: moyo unavyodunda, mahindi yanavyoota, mvi zinavyotoka.

Mwaka 2010 wataalamu wa Marekani walichukua saa mbili za atomu, zile zenye usahihi kupita zote, wakainua moja sentimita 33 tu juu ya nyingine. Ile iliyoinuliwa, kimo cha kigoda changu cha jikoni, ikaenda mbio zaidi. Wakaipima tofauti hiyo, ikawa kama Einstein alivyosema.

Haya, Kitale iko mita 1,900 hivi juu ya usawa wa bahari. Bungoma iko mita 1,400 hivi. Tofauti ni mita 500. Nilitoa kalamu, nikamwandikia hesabu nyuma ya risiti ya dukani, matatu ikirukaruka. Mtu akikaa Kitale mwaka mzima, na mwenzake Bungoma mwaka mzima, yule wa Kitale anazeeka zaidi kwa karibu sekunde 1.7 zilizogawanywa kwa milioni moja.

"Ndogo hivyo!"

Ndogo, ndiyo, lakini ipo. Mimi nimekaa Kitale miaka 40, dada yangu mkubwa amekaa Bungoma miaka hiyohiyo 40. Zidisha. Nimemtangulia kwa sehemu 68 za milioni za sekunde. Mwanga, ambao hukimbia kilomita 300,000 kwa sekunde, katika kipande hicho cha muda unatoka Kitale na kuipita Kiminini. Kwa hiyo mimi nikishuka Bungoma nakuwa nimetoka mahali ambapo wakati umekwenda mbele kidogo kuliko hapo. Dada yangu bado ni mkubwa kwangu kwa miaka miwili, hivyo nitaendelea kumwamkia. Na hizi mvi zangu nyingi kuliko zake haziwezi kusingiziwa Einstein.

Msidhani ni mchezo wa hesabu tu. Simu inayokuonyesha njia kwa ramani husikiliza setilaiti zilizo kilomita 20,000 hivi juu ya ardhi, kila moja na saa yake ya atomu. Saa hizo zinakwenda kasi kuziacha saa zetu huku chini, na mbio za setilaiti zenyewe zinazirudisha nyuma kidogo. Ukijumlisha yote, kila siku zinatangulia kwa sehemu 38 za milioni za sekunde. Mafundi wasingelirekebisha hilo, ramani ingepotoka kilomita 11 hivi kwa siku moja. Ungesimama sokoni Bungoma, simu ikakuapia uko shambani kwa watu.

Mjukuu wangu akakaa wima. Akatazama nje, miwa ikipita, kisha akazungusha kizibo cha mwaka kidogo sana, kwa ncha ya ukucha.

Tulifika Bungoma jua likizama. Dada yangu alitupokea kwa shangwe, akalitazama sanduku, akauliza, "Mmehamia?" Tulipomaliza kula, stima ikapotea. Tukabeba viti nje. Desemba kwetu mvua imeshapungua, na taa za mji zikizimika nyota hujaa kama mtama ulioanikwa.

Nikamwonyesha Kilimia, kile kishada cha nyota ambacho wakulima Waswahili walikitazama kujua majira ya kulima. Mwanga wake husafiri miaka 440 hivi kutufikia. Uliondoka kabla Wareno hawajaanza kujenga Ngome ya Yesu kule Mombasa mwaka 1593. Karibu nacho kuna nyota nyekundu, Aldebaran, jicho la fahali katika picha walizochora watu wa kale angani. Mwanga wake umetembea miaka 65 hivi. Uliondoka Wakenya wakiwa katika harakati za kudai uhuru. Kisha fuata pembe ya fahali hadi ncha yake, upande wa kaskazini. Hapo kuna nyota nyeupe iitwayo Elnath. Mwanga wake umetembea miaka 130 na kitu.

Alitoa vidole, akatoa 130 katika mwaka tulio nao. Nilimwacha ahesabu mwenyewe.

"Kukhu," akasema polepole. "Huu uliondoka wakati wa Chetambe."

"Wakati huohuo. Miaka yote tangu ngome ilipoanguka ulikuwa njiani. Sasa umeingia jichoni mwako."

"Na kama kuna watu huko wanatuangalia?"

"Wakiwa na darubini kubwa kuliko yoyote tunayoweza kuiota, hawatuoni sisi. Wanaona kilima na ukuta wa udongo. Mwanga wa siku zile ndio kwanza unawafikia."

Tukakaa kimya. Chura mmoja akaanza, wengine wakapokea. Mjukuu wangu aliitazama nyota ile hadi shingo ikamwuma, na hakusema tena habari ya kwenda kuwaonya.

Ndipo dada yangu, aliyekuwa anasikiliza gizani akitoa punje za mahindi kwenye gunzi, akasema neno. Akakumbusha kwamba kwetu Wabukusu wakati ni gurudumu. Marika ya jando yana majina manane: Kolongolo, Kikwameti, Kananachi, Kinyikeu, Nyange, Maina, Chuma, Sawa. Vijana huingia jando mwezi wa Agosti, katika mwaka unaogawanyika kwa mbili, nao hupewa jina la rika la miaka hiyo. Majina yakiisha, yanaanza upya, na mzunguko mzima huchukua miaka kama mia moja.

"Jina utakalopewa wewe," akamwambia, "walilibeba wazee waliozikwa kabla hujazaliwa. Na likishaondoka na ninyi, litarudi tena kwa watoto ambao hakuna hapa atakayewaona."

Usiku ule, kwa taa ya simu, mjukuu wangu alifungua vizibo, redio na waya. Ndani ya sanduku akaweka saa isiyo na mshale wa dakika, gunzi moja la mahindi ya Kitale, na ile risiti yenye hesabu yangu. Akachukua karatasi, akaandika habari ya kijana, ngome na uji, kama nilivyomsimulia. Juu ya mfuniko akaandika kwa kalamu ya wino mzito: LIFUNGULIWE NA RIKA LANGU LITAKAPORUDI.

Nikamwambia tutalibeba tukirudi Kitale, tuliweke stoo.

"Hapana, Kukhu. Libaki hapa Bungoma, chini ya kitanda cha Kukhu."

"Kwa nini?"

Akanitazama kama mwalimu anavyomtazama mwanafunzi aliyesahau somo la mchana. "Hapa ni chini. Wakati unakwenda polepole. Kwa miaka mia moja litakuwa limechakaa kidogo kuliko likikaa kwako."

Nikapiga hesabu kichwani: sehemu 170 za milioni za sekunde. Tukalisukuma sanduku chini ya kitanda. Akainama, akabandika sikio kwenye bati, kisha akachukua ufunguo akaukwaruza mara moja ubavuni, taratibu, asiwaamshe kuku wa watu.

"Limeondoka," akasema, na akaenda kulala.